Hati, Mila na Miaka: Mahakama Zinavyoamua Mwenye Ardhi Mwanza

Katika Rufaa ya Madai Namba 35 ya mwaka 2019, Mahakama ya Rufani ya Tanzania, ikiwa kwenye kikao chake cha Mwanza, ilieleza kanuni ambayo leo mawakili wa mashauri ya ardhi wanaijua kwa moyo: watu wawili wanapogombea eneo moja, mwenye hati huhesabiwa kuwa ndiye mmiliki halali mpaka ithibitike kwamba hati hiyo haikupatikana kihalali. Ukiisikia mara ya kwanza unaweza kudhani mjadala umekwisha. Lakini panda Mabatini, Igogo au mitaa iliyojengwa juu ya majabali ya Isamilo, kisha uende hadi Sangabuye na Kayenze, uulize watu wanashikilia nini mkononi. Wengi watakuonyesha karatasi ya mauziano iliyoandikwa kwenye daftari la shule, au watakupeleka kwenye makaburi ya wazee wao na mstari wa makatani uliopandwa mpakani kabla wao hawajazaliwa. Na hata pale ambapo hati ipo, mapambano yote yamo kwenye maneno yale ya mwisho, “mpaka ithibitike.”

Mahakama haifanyi uchunguzi wa kujua ardhi ni ya nani tangu enzi za mababu. Inapima, kati ya hawa wawili waliosimama mbele yake, ni nani ushahidi wake ni mzito kuliko wa mwenzake. Mzigo wa kuthibitisha uko kwa anayedai, na kipimo ni mizani ya uwezekano. Kwa hiyo swali la kujiuliza ni ushahidi wa aina gani unaopewa uzito, na ni nani mwenye uwezo wa kuupata. Sheria yetu inatambua njia tatu za kupata haki juu ya ardhi: karatasi ya serikali, mila, na muda wa kukalia. Nikizitazama hukumu za Kanda ya Ziwa, naona kwamba njia hizo zimepangwa kwa busara inayoeleweka. Wanaoumia ni wale ambao haki yao ilisimama juu ya kuaminiana: ndugu aliyekaribishwa, mjane aliyeachwa chini ya uangalizi wa shemeji, mnunuzi aliyetosheka na mhuri wa mwenyekiti wa mtaa. Na wanaumizwa zaidi na utaratibu wa kusikiliza mashauri kuliko sheria yenyewe ya ardhi.

Msingi wa yote ni kwamba hakuna raia anayemiliki udongo wenyewe. Amri ya Wajerumani ya mwaka 1895 iliitangaza ardhi yote kuwa mali ya dola yao, na Sheria ya Ardhi ya Waingereza ya 1923 ikaiita ardhi ya umma chini ya Gavana. Marekebisho ya 1928 yaliongeza jambo ambalo mpaka leo ndilo kinga ya mkulima: aliyekalia ardhi kwa mila yake alihesabiwa kuwa na haki ya kuitumia hata bila karatasi. Baada ya uhuru Gavana alitoka, nafasi yake akachukua Rais kama mdhamini. Tume ya Rais ya kuchunguza masuala ya ardhi, iliyoongozwa na Profesa Issa Shivji mwaka 1991 na 1992, ilipendekeza mamlaka hayo yaondolewe mikononi mwa dola na migogoro ipelekwe kwenye mabaraza ya wazee vijijini. Serikali haikukubali pendekezo la kuachia mamlaka hayo. Sheria mbili za 1999, ya Ardhi na ya Ardhi ya Vijiji, zilizoanza kutumika Mei 2001, ziliacha mdhamini pale pale.

Hata hivyo kinga ya 1928 haikufa. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani, ikiongozwa na Jaji Mkuu Francis Nyalali, ilikabili sheria iliyotungwa miaka miwili kabla yake kufuta haki za kimila katika vijiji vilivyoanzishwa wakati wa Operesheni Vijiji. Mahakama ilisema haki ya kimila ni mali inayolindwa na Ibara ya 24 ya Katiba, na mtu hawezi kunyang'anywa bila fidia ya haki. Sheria ya Ardhi ya Vijiji nayo ikatamka kwamba hakimiliki ya kimila ina hadhi sawa, kwa kila hali, na hakimiliki inayotolewa na serikali kwa hati. Hayo ni maandishi mazuri. Ugumu unaanza mji unapofika kijijini.

Na Mwanza ni mji unaofika vijijini kila mwaka. Buhongwa, Igoma, Buswelu, Nyamhongolo, na sasa Kisesa upande wa Magu na Usagara upande wa Misungwi: kote huko watu waliolima mihogo na pamba kwa haki ya kimila wamejikuta ndani ya ramani ya viwanja. Mahakama zimekuwa na sauti mbili juu yao. Mwaka 1985 Mahakama ya Rufani iliona kwamba kulitangaza eneo kuwa la mipango miji hakufuti peke yake haki ya kimila ya waliokuwepo. Mwaka 1990 ikasema jambo lenye makali zaidi: eneo likishatangazwa na kupimwa, mwenye haki ya kimila anapaswa kuwahi kuomba kumilikishwa kiwanja, akilala, kiwanja kikapewa mwingine, yeye anageuka mvamizi kisheria, na anachobaki nacho ni fidia ya maendelezo yake.

Uamuzi huo wa pili una mantiki ya mipango miji, lakini unambebesha mkulima kazi ambayo hakuambiwa ni yake. Tangazo la kuwa eneo limeingia mjini hutoka kwenye Gazeti la Serikali. Mama anayelima pembezoni mwa Buhongwa hulijua siku anapoona vijana wenye vifaa vya kupimia wakipigilia bikoni kwenye mihogo yake, na pengine wakati huo orodha ya waombaji imeshafungwa. Sheria ya 1999 imetaka fidia iwe kamili, ya haki na ya haraka. Kwa maoni yangu, mahakama ikiletewa mwenye ofa mpya dhidi ya mwenye shamba la zamani, swali la kwanza liwe kama fidia ililipwa, kwa nani na lini. Ofa iliyotolewa juu ya shamba la mtu ambaye hajalipwa imebeba kasoro tangu kuzaliwa kwake, na hapo ndipo yale maneno “mpaka ithibitike” yanapaswa kufanya kazi.

Mgogoro wa karatasi mbili ni mwepesi zaidi kuamua, ingawa si mwepesi kuubeba. Kiwanja kimoja, ofisi moja, ofa mbili kwa watu wawili kwa miaka tofauti. Kanuni ni kwamba aliyetangulia ndiye mwenye haki, kwa sababu mamlaka ikishatoa haki haina tena kitu cha kumpa wa pili, isipokuwa kama haki ya kwanza ilifutwa kwa utaratibu. Wa pili, ambaye huenda amelipa kila ada aliyotajiwa na amejenga hadi kwenye linta, anaondoka na hukumu inayomwambia akaidai mamlaka iliyomgawia. Kosa ni la ofisi, hasara ni ya raia, na shauri la kudai hasara hiyo ni shauri jingine linaloanza ukurasa wa kwanza.

Nje ya maeneo yaliyopimwa, shahidi mkuu ni karatasi ya mauziano. Inafaa kuitazama kwa karibu, maana ndiyo inayoshinda na kushindwa katika mashauri mengi. Kwa kawaida ni ukurasa mmoja wa daftari la mistari. Juu limeandikwa “HATI YA MAUZIANO YA KIWANJA”, halafu jina la muuzaji na la mnunuzi, kiasi kwa tarakimu na kwa maneno, kisha ukubwa: “hatua 35 kwa 20.” Mipaka inafuata: mashariki jirani fulani, magharibi jiwe kubwa, kaskazini korongo, kusini njia ya kwenda ziwani. Mashahidi wa muuzaji wawili, mashahidi wa mnunuzi wawili, dole gumba kwa asiyejua kuandika, na mhuri wa serikali ya mtaa. Siku ilipoandikwa kila mtu aliyekuwepo alijua jiwe kubwa ni lipi. Miaka kumi na mitano baadaye jiwe limepondwa kokoto zikauzwa, korongo limehama kwa mvua, jirani wa mashariki amefariki na watoto wake wameuza kwa watu watatu. Shahidi anaulizwa magharibi ni wapi, naye anaonyesha kwa mkono akiwa ndani ya chumba cha baraza kilomita nyingi kutoka eneo lenyewe.

Karatasi hiyo hukwama kwa sababu tatu ambazo mahakama zimezirudia mara nyingi. Ya kwanza: asiye na haki hawezi kumpa mwingine haki. Ukinunua kwa mtoto wa marehemu ambaye si msimamizi wa mirathi, umenunua maneno. Ya pili: ardhi ya kijiji haiuzwi bila idhini ya halmashauri ya kijiji, mauzo yaliyofanyika kwa siri kati ya wawili, hata yakiwa na mashahidi kumi, hayana nguvu. Ya tatu: nyumba ya ndoa haiuzwi bila ridhaa ya mwenzi, na saini ya mke ndiyo mara nyingi haipo kwenye ule ukurasa. Upo utetezi wa mnunuzi wa nia njema, yaani mtu aliyenunua akiamini kwa dhati kwamba muuzaji ana haki na hakuwa na sababu ya kushuku. Mahakama ya Rufani iliufafanua Mwanza katika Rufaa Namba 44 ya 2017. Kuamini kwa dhati, hata hivyo, ni pamoja na kuuliza. Mnunuzi aliyeona kuna watu ndani ya nyumba asiwaulize wanaishi kwa haki gani, atapata taabu kuiambia mahakama kwamba hakuwa na cha kushuku.

Kisha kuna miaka. Sheria ya Ukomo inampa anayedai kurudishiwa ardhi miaka 12. Ikipita, mlango unafungwa. Juu ya ukomo huo umejengwa utetezi wa aliyekalia: kwamba ameikalia ardhi ya mwingine kwa uwazi, mfululizo, bila idhini, akiwa na nia ya kuimiliki, na mwenyewe akaiacha bila kuidai kwa miaka yote hiyo. Mahakama ya Rufani iliviorodhesha vigezo hivyo mwaka 2018 kwenye shauri la kanda ya kaskazini lililohusu watu zaidi ya mia moja, na waliokalia walishindwa. Wengi husahau neno moja katika orodha hiyo: bila idhini. Mtu akidai wakati uleule kwamba alinunua na kwamba amekaa muda mrefu, hoja moja inaiua nyingine, maana aliyenunua hakuingia kama mpinzani wa mwenye ardhi.

Hapo ndipo aliyekaribishwa anapoangukia. Usukumani na visiwani kumkaribisha mtu ni jambo la heshima: mjomba anampa mpwa wake sehemu ya kujenga, mzee anampa mvuvi aliyetoka Musoma kijisehemu karibu na mwalo. Hakuna kinachoandikwa, kwa sababu kuandika kungeonekana kama kutoaminiana. Mwenyeji akifa, watoto wake wanamwambia mgeni aondoke. Au mgeni akifa, watoto wa mgeni wanasema hapa ni kwetu. Katika Rufaa ya Madai Namba 218 ya 2017, iliyoamuliwa Mwanza, Mahakama ya Rufani ilikata shauri la namna hiyo bila kumung'unya maneno: kuendelea kukaa kama mwalikwa, kujenga nyumba ya kudumu, na hata kulipa kodi ya ardhi kwa Halmashauri ya Jiji la Mwanza kwa jina lako mwenyewe, hakukugeuzi kuwa mmiliki.

Ni kanuni ya haki kwa mwenyeji. Bila hiyo hakuna mtu angethubutu kumkaribisha ndugu tena. Lakini ina upande wa pili ambao waamuzi hawana budi kuuangalia kila mara. Katika jamii zetu “kukaribishwa” na “kupewa” hutamkwa kwa sentensi ileile mbele ya wazee walewale. Mzee akisema “jenga hapa, mwanangu”, ametoa au ameazima? Mahakama inatafuta jibu kwenye matendo ya baadaye: nani aligawa upande uliobaki, nani aliitwa jirani alipokuwa anauza, nani alizikwa pale. Kaburi lina uzito hapa, maana watu hawazikani kwenye ardhi ya kuazima bila mwenyeji kusema neno.

Saa ya miaka 12 ina tabia nyingine inayowakamata wafiwa. Kwa anayedai ardhi ya marehemu aliyekuwa akiikalia hadi kufa kwake, muda unaanza kuhesabiwa siku ya kifo, wala hausubiri siku ya kuteuliwa msimamizi wa mirathi. Na bila kuteuliwa, mrithi hana uwezo wa kufungua shauri kwa niaba ya marehemu. Shauri lake litatupwa hata kama kila jirani anajua alizaliwa ndani ya shamba lile. Familia inayoahirisha kikao cha mirathi mwaka hadi mwaka kwa kuheshimiana inapoteza haki yake mahakamani kimyakimya. Ukoo mzima unaweza kuwa na ukweli na usiwe na mtu mmoja mwenye mamlaka ya kuusema.

Operesheni Vijiji nayo iliacha madai yake. Kati ya 1973 na 1976 watu wa Magu, Kwimba, Misungwi na Sengerema walihamishwa kutoka kwenye miji yao ya zamani kwenda vijiji vya kupangwa, na mashamba yao yakagawiwa wengine. Waliporudi kwenye mahame yao miaka ya themanini walikuta watu. Sheria ya Ardhi ya Vijiji iliamua kuwa ugawaji wote uliofanyika kuanzia Januari 1, 1970 hadi Desemba 31, 1977 ni halali, hata ule uliofanyika kinyume cha sheria. Ni uamuzi mzito: bunge lilichagua amani ya waliopo kuliko haki ya waliohamishwa. Mimi naukubali, kwa sababu kufungua tena mipaka ya 1972 kungewaondoa watu ambao nao walihamishwa kwa nguvu kutoka kwingine. Lakini aliyepoteza ana haki ya kuelezwa hivyo waziwazi, asiendeshwe kwenye vikao vya miaka akidhani bado ana shauri.

Kanda hii pia ndiyo iliyotoa hukumu iliyobadilisha hesabu ya wanawake na ardhi. Mwaka 1988 mwanamke mmoja wa Muleba, aliyekuwa mzee na hana wa kumtunza, aliuza kwa shilingi 300,000 shamba la ukoo alilorithi kwa wosia wa baba yake. Ndugu wa ukoo alifungua shauri akidai kwamba kwa mila za Kihaya mwanamke hawezi kuuza ardhi ya ukoo. Mahakama ya Mwanzo ilimkubalia na kumwamuru mwanamke arudishe fedha. Mahakama ya Wilaya ikatengua. Februari 1990 Jaji James Mwalusanya wa Mahakama Kuu Mwanza alisema mila hiyo inapingana na Katiba, iliyokuwa imeanza kutoa nguvu ya kudai haki za binadamu mahakamani mwaka huohuo wa 1988. Aliyathibitisha mauzo, akamwachia ndugu wa ukoo miezi sita ya kuikomboa ardhi kwa kulipa zile 300,000 kama aliitaka kweli. Sheria za 1999 zilifuata njia hiyohiyo, zikafanya batili mila inayomnyima mwanamke ardhi. Leo mwanamke hashindwi tena kwa kuambiwa ni mwanamke. Anashindwa kwa kuwa jina lake halimo kwenye karatasi, na kwa kuwa mirathi ilisimamiwa na shemeji.

Ufukweni sheria inaongeza mhusika wa tatu. Sheria ya Ardhi inaihesabu ardhi iliyo ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa ziwa kuwa ya hatari, na Sheria ya Mazingira ya 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita hizo. Ziwa lenyewe halikai mahali pamoja: mvua za 1961 hadi 1964 zililipandisha kwa zaidi ya mita 2, na Mei 2020 lilifika kimo kilichoivuka rekodi ya 1964. Watu wa Luchelele, Igombe na Kayenze wanajua maana yake. Wawili wanaweza kugombea bustani ya nyanya kwa miaka sita, na hukumu ikitoka sehemu yake iko majini na iliyobaki haijengeki. Hata hivyo mahakama haiwezi kukwepa kuamua, kwa sababu atakayetambuliwa ndiye atakayelipwa ikitokea fidia, na ndiye atakayerudi kulima maji yakishuka.

Nimesema utaratibu unaumiza kuliko sheria. Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi ya 2002 iliunda ngazi: baraza la ardhi la kijiji lenye wajumbe saba, watatu wanawake, la kusuluhisha tu, baraza la kata, lililopewa mamlaka ya kuamua hadi thamani ya shilingi milioni 3, Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, lililowekwa chini ya wizara, nje ya mhimili wa Mahakama, kisha Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani. Baraza la wilaya lilitakiwa kukaa na mwenyekiti mwanasheria pamoja na wazee wa baraza wasiopungua wawili, ambao hutoa maoni yao kabla ya hukumu.

Maoni hayo yamezika mashauri mengi. Katika mfululizo wa hukumu za mwaka 2018 na baada yake, zilizoanzia Mbeya na Dodoma na kutumika nchi nzima, Mahakama ya Rufani ilisema maoni ya wazee lazima yaandikwe na yasomwe mbele ya wadaawa kabla mwenyekiti hajatunga hukumu. Pale ambapo kumbukumbu hazikuonyesha hivyo, mwenendo wote ulifutwa na shauri likarudishwa kusikilizwa upya mbele ya mwenyekiti mwingine na wazee wengine. Kanuni yenyewe ni njema: mzee anayekaa kama pambo hana faida. Lakini kosa la kutoandika ni la baraza, na anayelipa ni mkulima aliyekwisha kushinda, ambaye sasa anatafuta tena mashahidi, wengine wakiwa wamefariki. Mwaka huohuo wa 2018 mahakama hiyohiyo, katika rufaa iliyotoka Tarime na kuamuliwa Mwanza, ilikataa kufuta uamuzi wa baraza la kata kwa dosari ya kumbukumbu za wajumbe, ikisema haki ya msingi itangulie pale ambapo hakuna aliyedhulumiwa. Naona mtazamo wa Tarime ndio ungestahili kuenea. Dosari ifute shauri pale tu ilipomnyima mtu nafasi ya kusikilizwa.

Wakati faili linazunguka, ardhi haisubiri. Asiyeomba zuio la muda mapema atamkuta mwenzake amepandisha ukuta, na aliyejenga huwa na la kusema zaidi mbele ya mwamuzi yeyote. Kwa hiyo wengi wanaamua mgogoro wenyewe kwa matofali, shauri likiwa bado barazani.

Kuna zana moja iliyomo tayari kwenye sheria na ambayo ingepunguza nusu ya kelele: kutembelea eneo la mgogoro. Likifanyika sawasawa ni jambo la asubuhi moja. Mwenyekiti, wazee na karani wanafika pamoja na pande zote mbili na mashahidi wao. Mdai anatembea mpakani akitaja alama moja moja: katani hizi, mnyaa ule, shina la mwembe uliokatwa. Mdaiwa anamfuata na kuuliza maswali palepale. Jirani anaitwa kutoka shambani kwake na jembe mkononi, anaapishwa, anaonyesha anapoishia yeye. Hatua zinapimwa kwa utepe. Karani anaandika akiwa amesimama, na wakirejea barazani yaliyoandikwa yanasomwa ili kila upande ukubali au upinge. Mahakama zinasema kutembelea eneo ni hiari ya mwamuzi, kwa mazingira maalumu, zikihofia mwamuzi asigeuke shahidi. Kwa ardhi isiyopimwa, ambayo mpaka wake ulikuwa jiwe, mimi naona mazingira maalumu yapo kila siku. Eneo lingetembelewa mwanzoni kabisa, kabla ya shahidi wa kwanza, maana mashauri mengi yakifika shambani hugundulika kuwa watu wanagombea hatua nane, au kwamba kila mmoja anazungumzia kipande tofauti.

Mabadiliko ya 2021 yalikaribia kuligusa jambo hili. Mabaraza ya kata yaliondolewa mamlaka ya kuamua, yakabaki na kazi ya kusuluhisha: baraza la wilaya halipokei shauri la ardhi mpaka kata ithibitishe kwamba usuluhishi umeshindikana, au siku 30 zimepita bila suluhu. Mwaka huohuo Kiswahili kikawa lugha ya mahakama kisheria. Hatari ni siku 30 hizo kugeuka foleni ya kuchukua cheti cha kushindwa. Wajumbe wa kata ndio wanaoishi karibu na mpaka unaogombewa. Wangetakiwa, hata wasipopatanisha, kwenda shambani na kuandika walichoona: alama zilizopo, nani analima upande upi, majirani ni akina nani. Ukurasa huo, ulioandikwa mgogoro ukiwa mbichi, ungemfaa mwenyekiti wa wilaya kuliko ushahidi wa kukumbuka wa miaka mitano baadaye.

Lililobaki ni la bunge. Tangu marekebisho ya Februari 2020, anayeishtaki serikali, ikiwemo halmashauri, lazima atoe notisi ya siku 90, amuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na afungue shauri Mahakama Kuu. Mahakama zimekuwa zikihesabu halmashauri ya kijiji kuwa ndani ya sharti hilo. Maana yake, mkulima wa kisiwa cha Ukara ambaye kijiji chake kimemgawia mwingine robo ekari yake hawezi kwenda baraza la wilaya. Anavuka kwa kivuko hadi Bugolora, anakwenda Nansio, anapanda meli hadi Mwanza, na kurudi kila shauri linapoahirishwa. Ukara ni mahali ambapo watu wamelima kwa ubanano mkubwa na kutambuana mipaka ya mtu mmoja mmoja tangu kabla ya ukoloni; hakuna sehemu ya kanda hii ambayo robo ekari ina thamani zaidi. Sharti hilo lilitungwa kuilinda serikali isishindwe bila kujua imeshtakiwa, na kwa mikataba mikubwa lina sababu. Kwa mgawo wa shamba uliofanywa na halmashauri ya kijiji, nakala ya hati ya madai kwa mwanasheria wa halmashauri ya wilaya ingetosha, na shauri lingesikilizwa hukohuko wilayani, mahali ambapo mwamuzi anaweza kuondoka asubuhi, akafika kwenye mpaka, na kurudi jioni.